Maswali ya Wasomaji: Mteja Mwenye Bastola Kiunoni

Barua nyingi za mwezi huu zimetoka kwa wasomaji wetu wanaoishi Marekani, na karibu zote zinahusu jambo moja, yaani mtu kuingia dukani akiwa na silaha inayoonekana na kila mtu. Tumechagua tano. Kila jibu linafuata sheria za jimbo la aliyeuliza, kwa hiyo msomaji wa jimbo jingine asilichukue kuwa lake kabla ya kuuliza wakili wa huko aliko.

Mheshimiwa Mhariri, nina duka dogo la bidhaa za Kiafrika hapa Houston, Texas. Ninauza unga wa muhogo, mawese, samaki wakavu na vitenge. Jumamosi moja aliingia mteja mwenye bastola kiunoni, akachagua alichotaka, akalipa, akaondoka bila kumsumbua mtu. Lakini akina mama wawili waliokuwa kwenye foleni waliacha vikapu vyao chini wakatoka, na sijawaona tena. Je, mtu huyo alivunja sheria? Na nikibandika karatasi mlangoni ya kukataza bunduki, itatosha? *Mwenye duka, Houston*

Ndugu mwenye duka, kwa maelezo yako mteja huyo hakuvunja sheria. Texas iliwaruhusu wenye leseni kubeba bastola waziwazi kuanzia tarehe 1 Januari 2016, na tangu tarehe 1 Septemba 2021 hata leseni haihitajiki kwa mtu mwenye umri wa miaka 21 au zaidi, mradi awe hakukatazwa kumiliki silaha kwa sababu nyingine, kwa mfano hukumu ya kosa kubwa la jinai. Bastola ikionekana, sharti iwe ndani ya ala yake. Bunduki ndefu hazikuwahi kuhitaji leseni ya aina hiyo, ingawa mtu anayeonyesha silaha yoyote hadharani kwa namna iliyokusudiwa kuwatia wengine hofu anatenda kosa la kuvuruga amani.

Pamoja na hayo yote, ndani ya duka lako neno la mwisho ni lako. Unaweza kuwakataza wenye silaha wasiingie, na anayekaidi anakuwa ameingia mahali pa mtu bila ruhusa, jambo ambalo ni kosa la jinai. Ugumu uko katika namna ya kutoa taarifa ya katazo hilo, kwa maana Texas imeigawa mara tatu. Kifungu cha 30.05 cha Kanuni ya Adhabu kinamhusu anayebeba silaha bila leseni. Kifungu cha 30.06 kinamhusu mwenye leseni aliyeificha bastola yake. Na kifungu cha 30.07 kinamhusu mwenye leseni anayeibeba ionekane. Leseni bado zinatolewa, na watu wengi wanaendelea kuwa nazo, kwa hiyo mwenye duka anayetaka pasiingie bastola ya aina yoyote anahitaji mabango matatu.

Karatasi uliyoitaja, hasa kama ni ile yenye picha ya bastola iliyopigwa mstari mwekundu, haitoshelezi masharti hayo kwa mwenye leseni. Bango la 30.06 na la 30.07 lazima liwe na maneno yaliyowekwa na sheria yenyewe, usiyabuni wala usiyafupishe, kwa Kiingereza na kwa Kihispania, kwa herufi kubwa zisizopungua inchi moja kwa kimo, kwa rangi inayotofautiana na mandhari yake, na libandikwe katika kila mlango wa kuingilia mahali panapoonekana wazi. Fuata kipimo hichohicho kwa la 30.05. Ukipiga hesabu ya aya mbili kwa lugha mbili kwa herufi za inchi moja, utaona kwamba mlango wa kioo wa duka dogo unajaa kabla hujafika bango la tatu, na ndiyo maana utakuta maduka mengine yameanza kubandika dirishani kwa herufi nyeupe za plastiki. Maelezo ya Kiswahili au Kilingala waweza kuyaongeza kwa faida ya wateja wako, lakini hayawezi kushika nafasi ya zile lugha mbili.

Wapo wanaobandika la 30.07 peke yake kwa sababu kinachowakimbiza wateja ni silaha inayoonekana, wala si ile iliyofichwa chini ya koti. Uamuzi huo una mantiki ya kibiashara, ila ujue kwamba haumgusi asiye na leseni, na wewe mlangoni huna njia ya kujua nani anayo. Kwa tatizo lako ulivyolieleza, ningeanza na la 30.05 na la 30.07.

Jambo ambalo wengi hawalijui ni kwamba taarifa ya mdomo inatosha hata pasipokuwa na bango lolote. Ukimwambia mtu waziwazi kwamba silaha hairuhusiwi dukani mwako na kwamba aondoke, umekwisha kutoa taarifa. Anayepuuza bango peke yake anakabiliwa na faini isiyozidi dola 200, lakini aliyeambiwa kwa mdomo akakataa kuondoka anaingia katika daraja la kosa ambalo adhabu yake inaweza kufika mwaka mmoja jela na faini ya dola 4,000. Usimguse, usimfuate hadi kwenye gari, wala usibishane naye juu ya Katiba; sema mara moja kwa sauti ya kawaida, kisha uwaite polisi. Askari polisi wenyewe hawafungwi na mabango haya, kwa hiyo usimfukuze askari aliyekuja kununua samaki.

Kwa kuwa mabango yanatofautiana sana, tunaongeza mifano miwili ili mtu asije akanakili bango la Texas akalibandika kwingine. Illinois, ambako kubeba silaha waziwazi hakuruhusiwi na wenye leseni hubeba kwa kuficha tu, inatumia kibango kidogo cha inchi nne kwa sita chenye mchoro uliowekwa na polisi wa jimbo. Minnesota, ambako mwenye kibali anaweza kuionyesha au kuificha, sheria imefika mpaka kutaja aina ya mwandiko: herufi nyeusi za Arial zenye kimo cha inchi moja na nusu, juu ya mandhari angavu yenye eneo la inchi za mraba 187. Baada ya umakini wote huo, anayekataa kuondoka Minnesota kwa mara ya kwanza hutozwa faini isiyozidi dola 25.

Ndugu Mhariri, ninasoma habari hizi nikiwa Mombasa na kuna jambo linanitatiza. Wamarekani wanasema kubeba silaha ni haki ya kikatiba. Inakuwaje basi mwenye duka la nguo aweze kuizuia haki ambayo hata bunge haliwezi kuizuia? *Msomaji, Mombasa*

Ndugu msomaji, Marekebisho ya Pili ya Katiba yao, yaliyoidhinishwa mwaka 1791, yanaifunga serikali. Mahakama ya Juu ilitamka mwaka 2008 kwamba haki hiyo ni ya mtu binafsi kumiliki silaha nyumbani, na mwaka 2022, katika shauri lililotoka New York, ikasema kwamba inaenea hadi nje ya nyumba. Hukumu zote mbili zilikuwa dhidi ya mamlaka za umma. Mwenye duka si mamlaka ya umma. Kumwambia mteja aache bastola yake kwenye gari ni sehemu ya haki yake ya kuamua nani aingie katika mali yake, maadamu habagui watu kwa misingi iliyokatazwa, kama rangi au dini.

Mabishano yaliyopo ni juu ya ukimya wake. Kama mwenye duka hakusema lolote na hakubandika lolote, je, mwenye silaha achukulie kwamba ameruhusiwa, au achukulie kwamba amekatazwa? Majimbo mengi yanachukua la kwanza. Hawaii mwaka 2023 ilipitisha sheria iliyochukua la pili, kwamba hakuna kuingia na silaha dukani mpaka mwenye mali aruhusu waziwazi, na shauri la kuipinga likafika Mahakama ya Juu. Mimi naona huo ndio moyo wa suala zima, kwa kuwa wenye maduka walio wengi wangependa wasilazimike kusema chochote: bango la kukataza linamwudhi mteja mmoja, bango la kuruhusu linamwudhi mwingine.

Shikamoo Mhariri. Mimi ni keshia katika supamaketi kubwa hapa Louisville, Kentucky. Kampuni yetu imetangaza kwamba "inawaomba" wateja wasibebe silaha waziwazi, lakini wanaingia nazo na hakuna anayewaambia kitu. Meneja akiulizwa anasema tuendelee na kazi. Ikiwa hawataki, kwa nini wasipige marufuku? Na mimi niliye mbele ya mashine ya malipo nifanye nini? *Keshia, Louisville*

Marahaba. Neno hilo "inawaomba" halikuandikwa kwa bahati mbaya. Mwezi Septemba 2013 Howard Schultz, aliyekuwa mkuu wa Starbucks, aliandika barua ya wazi akiwaomba wateja wasilete silaha katika migahawa yake. Kabla ya hapo kampuni ilikuwa ikisema tu kwamba inafuata sheria za kila jimbo, na matokeo yake wapenda silaha walikuwa wakikusanyika humo na bastola zao kuishukuru, huku wapinzani wao wakiilaumu. Katika barua hiyo Schultz alieleza waziwazi kwa nini hakuweka marufuku: marufuku ingewalazimu wafanyakazi wake kumkabili mteja mwenye silaha, na hilo hakuwa tayari kuwatwika.

Migahawa ya Chipotle na maduka ya Target yalifuata njia hiyohiyo mwaka 2014, baada ya vikundi vya Texas kuanza kuingia madukani na bunduki ndefu mabegani ili kuonyesha kwamba sheria inawaruhusu. Walmart, kampuni kubwa ya maduka, ilichelewa zaidi. Tarehe 3 Agosti 2019 mtu mwenye bunduki aliua watu ndani na nje ya duka lake la El Paso, Texas, na waliopoteza maisha kwa tukio hilo wamefikia 23. Siku tano baadaye, katika duka lake jingine huko Springfield, Missouri, kijana aliingia amevaa fulana ya kuzuia risasi na kubeba bunduki ya kivita, akisukuma kitoroli kama mnunuzi mwingine yeyote. Watu walikimbia, na yeye akawaambia polisi kwamba alitaka kuona kama Walmart inaheshimu haki yake ya kikatiba. Tarehe 3 Septemba mwaka huo kampuni iliwaomba wateja wasibebe silaha waziwazi katika maduka yake, hata pale sheria inaporuhusu, na siku hiyohiyo kampuni ya supamaketi ya Kroger ikatoa ombi kama hilo. Maombi hayo hayakuwagusa askari wa vyombo vya dola, na la Walmart halikuwagusa wale wenye vibali wanaoficha silaha zao.

Kisheria ombi halimfanyi mteja kuwa mkosaji. Huko Kentucky kubeba silaha waziwazi kunaruhusiwa, na mtu aliyesoma tangazo la kampuni akapita nalo kama hakuliona hajatenda jinai. Hali inabadilika pale mwenye mamlaka ya duka anapomwambia uso kwa uso kwamba aondoke. Hapo akikataa, anakuwa amebaki katika mali ya mtu bila idhini, na polisi wana la kufanya. Kwa hiyo kampuni yako haikujinyima uwezo wa kumtoa mtu. Imeuacha mikononi mwa meneja auamshe anapoona inafaa. Unaweza kuuita woga. Mimi, nikifikiria kijana wa miaka kumi na tisa aliyewekwa mlangoni kwa ujira wa saa ili awaulize watu wazima kuhusu bastola zao, siwezi kuwalaumu sana waliochagua ombi.

Ninachowalaumu nacho ni kuwaacha makeshia bila maelekezo. Mwombe meneja akupe kwa maandishi utaratibu wa duka: nani anaambiwa, kwa simu ipi, na nani pekee anayeruhusiwa kuzungumza na mteja huyo. Bastola iliyokaa katika ala na mwenyewe anachagua nyanya, kazi yako ni kumjulisha meneja na kuendelea kupokea fedha. Ikiwa ameitoa katika ala, au anaielekeza kwa watu, au anatoa vitisho, huna haja ya kumsubiri meneja wala sera ya kampuni: ondoka mahali hapo na upige 911, namba ya dharura.

Umeuliza pia, mwishoni mwa barua yako ambao hatukuuchapisha, kama kampuni inaweza kuwakataza wafanyakazi wenyewe. Inaweza, kazini. Katika gari lako lililofungwa kwenye maegesho ni jambo jingine, kwani majimbo kadhaa, Kentucky na Texas yakiwamo, yanamlinda mfanyakazi anayeacha silaha yake halali humo.

Ndugu Mhariri, tuliingia Marekani kama wakimbizi kutoka Kongo kupitia Tanzania, na sasa tuna kadi za ukazi wa kudumu. Mwanangu ana miaka 22. Amenunua bastola na anasema Ohio inamruhusu kutembea nayo ikionekana, hata dukani. Mimi usingizi sipati. Je, ni kweli? *Mzazi, Columbus, Ohio*

Ndugu mzazi, alichokuambia mwanao kuhusu Ohio ni kweli. Sheria ya shirikisho inawakataza kumiliki silaha watu walioko Marekani kwa viza za muda, kama wanafunzi, watalii na wafanyakazi wa mkataba, isipokuwa katika hali chache kama kuwa na leseni halali ya uwindaji. Inawakataza pia wasio na ruhusa ya kuwa nchini. Mkazi wa kudumu hayumo katika makundi hayo. Lakini kuna tofauti moja kati yake na raia ambayo muuza bunduki hawezi kumweleza: sheria ya uhamiaji inaitaja hukumu ya kosa la kumiliki au kubeba silaha kinyume cha sheria kuwa sababu ya kumwondoa nchini asiye raia. Kosa ambalo raia angelipia faini akarudi nyumbani linaweza kumfikisha mwanao mbele ya jaji wa uhamiaji. Basi kabla ya kubeba silaha hiyo popote, na hasa kabla ya kuvuka nayo mpaka wa jimbo, azungumze na wakili anayejua sheria zote mbili.

Hiyo ni sehemu ya sheria. Sehemu nyingine mwanao anaijua kuliko mimi, lakini uniruhusu niiseme. Tarehe 5 Agosti 2014, katika duka la Walmart la Beavercreek, Ohio, kijana Mweusi aliyeitwa John Crawford III, naye akiwa na miaka 22, aliokota bunduki ya upepo iliyokuwa nje ya boksi kwenye rafu ya duka hilohilo, akaendelea kutembea nayo huku akizungumza kwa simu. Mteja mmoja alipiga 911 akasema kuna mtu anawaelekezea watu bunduki. Polisi walifika na kumpiga risasi, akafa. Ohio ilikuwa jimbo linaloruhusu kubeba hadharani hata bunduki halisi. Jopo la raia lilikataa kuwashtaki askari hao mwezi Septemba mwaka huo, na mwaka 2017 Wizara ya Sheria ya Marekani nayo ikasema haitafungua mashtaka.

Sheria inayoruhusu silaha ionekane inadhani kwamba wote watakaoiona watakuwa na subira ya kutazama mara mbili. Dukani hilo haliko. Mpiga simu anaeleza anachodhani ameona, na askari anaingia akiwa na maelezo ya mpiga simu tu. Mwanao hana kosa kutaka kujilinda, na huenda ana sababu zake ambazo hajakuambia, kwa hiyo muulize kwanza anamwogopa nani. Kisha msomee aya iliyopita. Kwa ushauri wangu silaha hiyo ibaki nyumbani ikiwa imefungwa.

Mhariri, hapa Jacksonville, Florida, miaka yote tuliambiwa kuonyesha bastola ni kosa. Sasa naona watu nazo kwenye maduka. Ni nini kimebadilika, na mimi mwenye saluni ninaweza kukataa? *Mwenye saluni, Jacksonville*

Florida ilikuwa imekataza kubeba silaha waziwazi tangu mwaka 1987. Tarehe 10 Septemba 2025 mahakama ya rufaa ya wilaya ya kwanza ya jimbo hilo ilitamka kwamba katazo hilo linapingana na Katiba, na mwanasheria mkuu wa jimbo akawaelekeza polisi na waendesha mashtaka wasiendelee kulitekeleza.

Kukataa unaweza, na Florida inamwadhibu anayekaidi kwa ukali kuliko majimbo yote tuliyotaja leo: mtu mwenye silaha aliyeambiwa aondoke katika mali ya mtu akakataa anatenda kosa kubwa la jinai ambalo kifungo chake kinaweza kufika miaka mitano. Kwa uzito huo, maneno ya kumtaka aondoke yasiwe ya mafumbo wala ya mzaha wa saluni. Yasemwe na wewe mwenyewe au mtu uliyemkabidhi saluni siku hiyo, na awepo mtu wa tatu aliyeyasikia.